Mapazia ya Mteja

Kila Jumamosi Kidonge aliamshwa na mlio wa maji yakipiga beseni tupu. Mama yake alikuwa dobi, na dobi hana siku ya kulala mpaka jua limchome uso. Kabla ya chai, mabeseni yalikuwa yamekwishapangwa uani kwa mstari: la nguo nyeupe, la nguo za rangi, la mashuka, na lile la mwisho lenye ufa, la soksi za watu wasiojihurumia.

Kidonge lilikuwa jina la nyumbani. Alipewa na dada yake, ambaye alisema mtoto huyu ni mdogo lakini hamezeki kirahisi. Alikuwa darasa la sita, na kazi yake ya Jumamosi ilikuwa kusuuza na kuanika. Alijua nguo ipi inachuja rangi na ipi haichuji, ipi inataka jua na ipi inataka kivuli. Aliijua pia sheria ya mama, ambayo haikuwa na mjadala: nguo ya mteja haivaliwi, haijaribiwi, haifutiwi hata tone la maji. Siku moja mvua ilimkuta mama uani, ikamlowanisha chepechepe, na kamba nzima imejaa mataulo ya watu. Mama aliyaanua yote, akayaingiza ndani, kisha akajifuta uso kwa upindo wa gauni lake lililolowa.

Wakati huo nyumba ilikuwa na pilikapilika kuliko kawaida, kwa sababu dada alikuwa anaolewa Jumamosi iliyofuata. Mchumba wake alikuwa seremala, mtu mrefu mwenye mabega kama mlango, mwenye moyo mkubwa wa kusaidia na mikono isiyousikiliza moyo huo. Akiwa na randa na mbao alikuwa fundi hasa. Nje ya karakana yake, Mungu atunusuru. Alisaidia kubeba ndoo, ndoo ikabaki bila mkono. Alisaidia kurekebisha dirisha lililokuwa halifungiki, likafungika moja kwa moja. Kila alipoingia mlangoni neno lake la kwanza lilikuwa "ngoja nisaidie", basi mtaa mzima ukamwita Ngoja Nisaidie, naye akaitika bila kununa. Kidonge alimwita shemeji, na alimpenda, maana ndiye mtu mzima pekee aliyesikiliza vichekesho vyake mpaka mwisho.

Harusi yenyewe ilikuwa ndogo. Dada na shemeji walikaa na mama wakakubaliana: sherehe itafanyika palepale uani, wageni ni ndugu na majirani wa karibu, mabenchi atayapiga shemeji mwenyewe, na ukuta utapakwa chokaa upya. Basi. Hakuna hema, hakuna puto, hakuna kiti cha kifalme cha kukodi. Tangu baba yao afariki, nyumba ile ilikula kwa jasho la mama na sindano ya dada, na dada hakutaka kumwongezea mama mzigo. Alisema siku ikiisha anataka awe na chumba cha kulala na kodi iliyokwishalipwa, asibaki na picha tu za kutazama. Mama aliposikia hivyo aliitikia kwa kichwa kwa furaha na kurudi kwenye mashuka yake.

Kidonge hakufurahi. Shuleni alikaa dawati moja na msichana ambaye shangazi yake alikuwa akikodisha mapambo ya harusi, na msichana huyo alikuwa na ulimi wa kuchokonoa. Alipoambiwa kwamba ukumbi ni uani na mapambo ni chokaa, alicheka mpaka mwalimu akamtupia jicho.

"Ukuta mtupu na mabenchi," alinong'ona. "Hiyo si harusi, Kidonge. Hicho ni kikao cha wazazi."

Maneno hayo yalimfuata Kidonge siku nzima. Akaapa moyoni kwamba dada yake hataolewa mbele ya ukuta mtupu.

Jumamosi hiyo, wiki moja kabla ya harusi, mama alitoka mapema kwenda kupeleka nguo kwa wateja, na dada alikuwa kwenye kibanda chake cha ushonaji sokoni. Kidonge aliachiwa kazi moja kubwa: mapazia manne meupe, marefu, yenye lesi chini, ya mama mwenye nyumba ya wageni. Yalikuwa yamelowekwa tangu alfajiri. Ayasuuze, ayaanike, yakikauka ayakunje. Mwenyewe angeyafuata Jumatatu, na huyo ndiye aliyekuwa mteja mkubwa kuliko wote. Bila mashuka yake, mabeseni mengi yangebaki yakitazama mbingu.

Hakukaa sana, shemeji akapita. Alikuwa na shati lake jipya la harusi, la rangi ya damu ya mzee, na alitaka liondolewe ule ugumu wa dukani. Kidonge alinyoosha mkono kulipokea, lakini shemeji alikwishainama. Akalitumbukiza kwenye beseni moja lenye povu, akalikandamiza mara mbili kama mtu anayezamisha gogo, akasema amekwishaliloweka, Kidonge asijisumbue. Akaondoka akipiga mluzi. Bahati yake, beseni lile lilikuwa la nguo za rangi, na ndani yake hamkuwa na nguo nyingine.

Kidonge alisuuza mapazia, akayaanika. Upepo ulipoyajaza, yalipendeza kiasi cha kumfanya asimame na mikono kiunoni. Na hapo wazo likamjia. Akiyatundika ukutani, na juu yake akapachika yale maua ya karatasi laini nyekundu aliyokuwa akiyakunja kwa siri chini ya kitanda, nani atathubutu kusema kikao cha wazazi? Atayajaribu leo tu, aone. Ikipendeza, atamwomba dada, dada atamwomba mama, mama atamwomba mteja. Akilini mwake kila mtu alikwishakubali.

Mapazia yalikuwa yamekauka juu, lakini chini, kwenye mapindo mazito na lesi, bado yalikuwa na unyevu. Kidonge hakujali. Alimwita yule msichana wa dawati moja, ambaye kwao ni nyumba ya tatu, aje ashuhudie. Wakatundika, wakabana maua kwa pini kutoka juu mpaka chini, wakarudi nyuma kutazama. Msichana yule alikunja mdomo, akakubali kwamba hapo sasa pana dalili ya harusi. Kidonge alijisikia mrefu. Wakakaa kivulini wakipiga soga, mpaka msichana yule akaitwa kwao.

Kidonge alijua kila nguo inayochuja rangi. Lakini karatasi hakuwahi kufua.

Alibandua ua la kwanza la chini. Nyuma yake palibaki doa jekundu lililofifia pembeni. Akabandua la pili, la tatu, yote. Mapazia ya mama mwenye nyumba ya wageni yalionekana kama mtoto aliyeugua surua. Akakimbilia sabuni, akasugua, na doa badala ya kutoka likatambaa. Hapo ndipo aliposikia sauti ya mama barabarani, akisalimiana na jirani.

Kilichofuata kilimchukua muda wa kupumua tu. Alizoa mapazia yote kwa mpigo, akatazama mabeseni, akaliona shati la shemeji. Aliwaza vizuri kabisa. Hakuweza baadaye kujidanganya kwamba hakuwaza. Akayatumbukiza mapazia kwenye beseni la shati, akayakandamiza, akayatupa maua yake nyuma ya choo.

Mama aliinua pazia la kwanza kutoka kwenye maji, akaligeuza upande wa pili. Kisha akauliza kwa sauti ya chini nani ameweka nguo hizi pamoja.

"Shemeji alipita," Kidonge alisema. "Ndiye aliyeloweka shati. Nilinyoosha mkono kulipokea, hakuningoja."

Kila neno lilikuwa la kweli. Ndiyo maana yalikuwa machungu kuliko uongo wa kawaida: uongo wa kawaida hujulikana kwamba ni uongo, lakini huu ulikuwa umevaa nguo safi.

Jioni shemeji alipokuja na kuelezwa, Kidonge alisubiri akatae. Angekataa, labda mambo yangejifumua yenyewe. Hakukataa. Alishika kichwa, akasema kweli, alikuta mabeseni yote yana povu, akaingiza shati bila kutazama kuna nini chini. Akasema hana mtu wa kumlaumu. Aliamini kabisa kwamba ni yeye. Kidonge, aliyekuwa amesimama mlangoni na ufagio, aliinama akaanza kufagia.

Tangu hapo nyumba ilibadilika. Mama alihangaika na yale mapazia kwa kila dawa ya nguo iliyochujiwa rangi na nguo nyingine, na kila alipoyainua madoa yalikuwa yanamtazama. Jumatatu mwenye mali alikuja, akayaona, akasema wageni wake wanafika mwisho wa wiki na hawezi kuwaweka kwenye chumba chenye madirisha uchi. Anataka mapazia mapya, ama mashuka yake atampa dobi mwingine. Shemeji alikuwepo. Alisema yeye ndiye aliyeharibu, yeye ndiye atakayelipa, na Ijumaa atayaleta mapya. Fedha aliyokuwa nayo ilikuwa moja tu, na wote waliijua: ya kodi ya chumba chao.

Dada alisubiri mteja aondoke. Kisha akasema maneno ambayo Kidonge aliyasikia hata alipojifunika shuka gubigubi.

"Kila siku nacheka na watu wanaokucheka, nikisema una moyo mzuri. Sasa huo moyo mzuri tutalala ndani yake?"

Harusi ikasogezwa mbele, na hakuna aliyesema mpaka lini.

Kidonge alikuwa mtoto wa kula mpaka sahani iombe msamaha, lakini siku hizo chakula kilimzunguka mdomoni kama pamba. Mama alimgusa paji la uso, akamwambia huenda anataka kuugua, akamtengea kipande kikubwa zaidi. Wema huo ulimchoma. Alitamani agombezwe kwa kosa lolote lile, alau apate pa kulilia.

Kilichomuumiza zaidi kilikuwa shemeji mwenyewe. Aliendelea kuja kumjulia hali mama, lakini alikaa kwenye ncha ya benchi, mikono imebanwa katikati ya magoti kama mtu aliyekatazwa kugusa. Mama alipokuwa akihangaika kuinua ndoo ya maji, shemeji alinyanyuka nusu, akaitazama mikono yake, akakaa tena. Alipopewa chai aliomba iwekwe chini, asije akavunja kikombe. Mtu aliyezoeleka kuingia na "ngoja nisaidie" sasa aliingia na hodi tu, tena hodi ya mtu anayedaiwa. Watoto wa mtaani walimtania kama kawaida, wakauliza leo amevunja nini. Zamani angewakimbiza mpaka kona huku akicheka. Sasa alipita tu.

Alhamisi baada ya shule mama alimtuma Kidonge kupeleka lile shati karakana, limekwishapigwa pasi. Ndani kulinukia gundi na mbao mbichi, na maranda yalijaa sakafuni mpaka kwenye vifundo vya miguu. Katikati ya karakana palisimama kitanda. Kidonge alikijua. Shemeji alikuwa akikitengeneza kidogo kidogo baada ya kazi za watu, kichwani amekichonga majani na mshono mwembamba kama uzi, kwa heshima ya kazi ya dada. Mtu mmoja alikuwa anakipima kwa mkono, akikizunguka. Alisema atarudi na mkokoteni kabla ya jua kuzama, akatoka.

"Unakiuza, shemeji?"

"Kesho fedha ya kodi itakwenda kwenye mapazia. Nikiuza hiki labda tutapata chumba kabla mwaka haujaisha." Akaonyesha msumari ukutani. "Nitundikie wewe hilo shati. Mimi nitalichafua."

Kidonge alilitundika. Alibaki ameupa ukuta uso, kwa sababu hakuweza kusema huku anamtazama.

"Shati lako halichuji," alisema.

"Nini?"

"Halijachuja hata tone. Ni mimi. Nilibandika maua ya karatasi kwenye mapazia, nikaona mama anakuja, nikayaweka kwenye beseni lako. Nilijua watasema ni wewe."

Kidonge alinyoosha kola ya shati. Akageuka. Shemeji alikuwa amekaa kwenye ukingo wa kitanda, na kitanda hakikulia, maana kilikuwa kitanda kizuri.

"Kwa hiyo si mimi," alisema polepole. Akairudia tena, kama mtu anayejaribu kiatu. "Kidonge, unajua nimekuwa naogopa hata kumshika dada yako mkono? Nilisema, huyu naye nitamvunja."

Kidonge akaanza kulia. Shemeji hakumbembeleza. Alisimama, akampa mgongo, akaenda kupanga misumari iliyokuwa imekwishapangwa. Alikuwa na hasira, na Kidonge aliona ni haki yake. Aliporudi, uso ulikuwa umetulia kidogo. Kidonge akamwomba kwa kwikwi aende yeye akamwambie mama, yeye ni mtu mzima, mama hatampigia kelele.

Shemeji alitikisa kichwa.

"Ungeniomba nikubebee nyumba, ningejaribu. Hili hapana. Ulisema wewe, utasahihisha wewe. Mimi nitamwambia yule bwana asije na mkokoteni mpaka nisikie kutoka kwenu. Nenda sasa, miguu yako isije ikapata nafasi ya kufikiri."

Alikwenda. Njia ya dakika chache aliihesabu kama safari ya jangwani. Mama alikuwa anapiga pasi, dada anakata nyuzi pembeni. Kidonge alisimama katikati ya chumba akasema yote, mapazia, maua, beseni, na yale maneno yake ya kweli yaliyokuwa ya uongo. Mama aliinua pasi, akaiweka pembeni kwa uangalifu mkubwa, jinsi anavyofanya mtu asiyetaka hasira yake iunguze nguo ya mteja.

"Rudia," alisema. "Mtazame dada yako."

Akarudia. Dada hakungoja mwisho. Alitoka mbio kuelekea karakana, mguu mmoja na ndala yake, mwingine na kiatu cha mama, na hakugundua mpaka alipofika.

Mama hakumpiga Kidonge. Alimpeleka uani, akamwekea mapazia mbele. Akamwambia kwamba siku zote hizi alikuwa anayatibu ugonjwa usio wake. Rangi ya karatasi ni nyepesi kuliko ya kitambaa. Ingalipata maji ya moto na sabuni saa ileile, isingalibaki hata alama. Sasa imekaa, itabidi ibembelezwe. Walichemsha, wakasugua, wakasuuza, wakarudia, Kidonge akichochea moto na kufuta kamasi kwa bega. Ijumaa asubuhi mapazia matatu yalikuwa meupe. La nne lilibaki na wingu la waridi kwenye lesi, ambalo halikukubali dawa yoyote.

Kwenye nyumba ya wageni, mama alimsukuma mbele kidogo kwa kidole, akamwachia aseme mwenyewe. Mwenye mali alimsikiliza Kidonge huku amekunja mikono. Aliuliza swali moja tu, kama yule seremala anajua. Alipoambiwa anajua, akashusha pumzi. Alisema matatu atayapokea, la nne atalitundika stoo ambako wageni hawaingii, na mapazia mapya hayataki tena. Mashuka yake yatabaki kwa dobi wake. Lakini foronya za nyumba nzima, kila Jumamosi mpaka shule zifungwe, zitafuliwa hapahapa na mikono iliyochafua. Mama akasema ni sawa kabla Kidonge hajafungua mdomo. Jioni hiyo shemeji alilipa kodi ya chumba, na yule bwana wa mkokoteni akaambiwa kitanda hakiuzwi tena.

Harusi ndogo ina faida yake: kuiahirisha na kuirudisha ni kuzunguka majirani tu. Jumamosi wageni walikaa kwenye mabenchi mapya uani, ukuta umepakwa chokaa, mtupu kabisa, na jua likaupiga mpaka watu wakapepesa macho. Dada alivaa gauni alilolishona mwenyewe. Shemeji alikuwa amelivaa shati lake, na alipoinuka kuwamiminia wazee soda akapindua bilauri mbili, watu wakacheka, naye akacheka kuliko wote. Yule msichana wa dawati moja alikuja na shangazi yake. Alicheza mpaka kiatu kikamkatika, na Kidonge hakumsikia akiulizia mapambo. Kabla ya sherehe kuanza, shemeji alikuwa amemsogelea Kidonge akamwambia kwamba bado kuna unyonge kidogo hapa, akagusa kifua, lakini utaisha, ampe muda. Kidonge alishukuru kwamba hakumdanganya kwamba umekwisha.

Jumamosi iliyofuata alikuwa ameinama juu ya foronya nyuma ya nyumba ya wageni, vidole vimenyauka kwa maji, mama alipokuja kuchukua mashuka. Mama alikaa juu ya ndoo iliyogeuzwa, akamtazama akisuuza kwa muda.

"Mama," Kidonge alisema, "ningesema siku ileile ungenichapa?"

"Pengine. Na jioni tungekuwa tumecheka." Mama akaokota foronya moja, akaikamua. "Nisikilize, mwanangu. Kuchafua pazia lilikuwa kosa la kitoto, na ulitaka kumpamba dada yako, hilo nalielewa, ingawa hatujipambi kwa mali ya watu tuliyopewa kuitunza. Lakini ulipochukua doa lako ukamwekea mwenzako, hapo hukuharibu kitambaa, uliharibu mtu. Akaanza kujiona mbaya kwa jambo asilolifanya. Ukikosea, sema mapema, sema mwenyewe. Utaona aibu, ndiyo. Aibu ya kusema hupita jioni hiyohiyo. Ile ya kumwona mtu amebeba kosa lako, umeshaijua ilivyo."

Kidonge aliitikia kwa kichwa. Aliijua kweli, tena bado ilikuwa imemkaa kifuani kama chakula kisichoshuka. Mama akajitwika bunda la mashuka, akamwambia foronya za chumba cha mwisho zina mafuta ya nywele, azisugue mara mbili, kisha akaondoka. Kidonge alivuta beseni karibu na kuanza na ile iliyokuwa chafu kuliko zote.